Mwanamke Aliyekuwa Sauti ya Belmiro

Habari hii nilipewa na Dona Leocádia mwenyewe, jikoni kwa mama yangu hapa Matosinhos, pwani ya Ureno, katika baridi ile aliyoacha kufundisha. Nilikuwa msichana bado, nakaa chini namenya maharage, naye anasimulia taratibu huku anakunywa supu yake ya kabichi, na kila akisahau jambo anarudi nyuma kulichukua. Nami nitakwenda kwa mwendo wake huohuo.

Leocádia alikuwa mtoto wa mfungasha sadini. Mama yake, Zulmira, alipanga samaki kwenye makopo tangu utotoni mpaka vidole vikakataa kunyooka. Baba alikwenda Brazili kutafuta maisha. Maisha akayapata, ila kurudi hakurudi. Kilichomwokoa binti ni padri aliyekuwa baba yake wa ubatizo, ambaye alimfundisha kusoma kwa kitabu cha sala. Alipofika miaka kumi na minne alikuwa anasoma kuliko mwanamke yeyote wa mtaa ule, na tuseme ukweli, kuliko wanaume wengi pia.

Siku hizo ndiyo sinema zimeingia. Filamu zilikuwa bubu. Mtu unamwona anafumbua mdomo, neno halitoki, kisha kinakuja kibao cheusi chenye maandishi meupe kueleza amesema nini. Ukumbi wa Senhor Gaspar ulijaa kila Jumapili, wavuvi na wanawake wa viwandani, na huenda katika benchi zima asiwepo hata mmoja wa kusoma kile kibao. Kwa hiyo Senhor Gaspar akamwajiri Leocádia asimame kando ya kitambaa cheupe na kuwasomea watu. Kumbi zote za pwani ile zilikuwa na msomaji. Wengi wao walisoma kama wanatangaza mazishi.

Leocádia yeye alimpa kila mtu sauti yake. Mwizi aliongea puani. Hakimu alikohoa kwanza. Lakini sauti aliyoitengeneza kwa mapenzi hasa ilikuwa ya Belmiro Quintela.

Belmiro alikuwa fundi mapipa ng'ambo ya mto, kule Gaia kwenye maghala ya divai. Wapiga filamu wa Porto walitaka mtu wa kupita tu na pipa begani. Akapita, na mshika kamera akasahau kumfuata shujaa wa filamu, akabaki na Belmiro. Tangu siku hiyo hakushika nyundo tena. Aliigiza baharia aliyezama, akaigiza msaga nafaka mwenye roho mbaya, akaigiza jambazi wa milimani aliyetubu mbele ya mama yake. Uso wake ulikuwa unalia huku taya linakataa, na watu walipouona nao walilia. Matosinhos nzima ilimpenda, na Matosinhos nzima ilimjua kwa sauti moja, nzito, ya polepole, inayoburuta mwisho wa maneno kama mtu anayeburuta wavu mchangani. Kwamba sauti hiyo ilitoka kwa msichana mwembamba aliyesimama kando ya kitambaa, hakuna aliyeona ajabu.

Sauti hiyohiyo ikamletea Leocádia kazi yake ya pili. Wanawake waliomsikia ukumbini walianza kumpelekea barua za waume zao walioko Brazili. Akawasomea, akawasomea, mpaka siku moja akamwambia mmoja wao, "Mwenzangu, haya anayokuandikia mumeo mimi sitaki kuyajua. Kaa hapa nikufundishe uyasome mwenyewe."

Darasa likaanza kwenye ghala la chumvi, jioni, king'ora cha kiwanda kikishalia. Miaka ikaenda, darasa likazaa darasa. Alipofika umri wa miaka thelathini na kitu, Leocádia alikuwa ndiye mkuu wa madarasa yote ya jioni toka Leça mpaka Póvoa. Walimu wa madarasa hayo aliwafundisha yeye, na akiingia ghafla kuwakagua walisimama kama askari. Mume hakuwa naye. Akiulizwa kwa nini, alijibu kwamba nafasi ndiyo haijapatikana. Na njia yake ya kufundisha ilikuwa moja: mwalimu anasoma kwa sauti, na kusoma kweli, kama ukumbini. Wanafunzi wanafuata kwa kidole, kisha wanarudia. Njia hiyo ndiyo ilikuwa fahari yake.

Basi, mwaka ule filamu zilipoanza kuongea, jioni moja ya Septemba mlango wa ghala ulifunguliwa, na mwanamume mkubwa mwenye kofia mkononi akasimama kizingitini.

"Mama yangu!" akasema Ermelinda, mwanamke mmoja wa kiwandani aliyekuwa na mdomo kuliko darasa zima. "Yule si baharia aliyezama?"

"Kazama wapi? Mbona mkavu?" akajibu mwenzake.

"Jioni njema," akasema Belmiro. "Namtafuta Dona Leocádia."

Darasa zima likapasuka kwa kicheko. Sauti ya Belmiro ilikuwa nyembamba, kali, ya haraka haraka, sauti ya mtu aliyekulia kwenye kelele za nyundo.

"Jamani, kameza filimbi!" akasema Ermelinda, anajifuta macho kwa aproni. "Mtoto wa watu, nani kakuibia sauti?"

"Huyo hapo mbele yenu," akasema Belmiro, akimwonyesha mwalimu kwa kofia.

Leocádia akatoka naye nje. Wakasimama kwenye magunia ya chumvi, na Belmiro akawa anaikunja ile kofia kama anaikamua maji.

"Mwalimu, mimi kusoma sijui."

"Hata jina lako?"

"Jina nalichora."

"Na filamu zote zile uliigizaje?"

"Mkuu wa filamu alikuwa ananipigia kelele. Belmiro, geuka! Belmiro, mkeo kafa, lia! Basi nageuka, nalia. Kusoma kwa nini? Lakini sasa filamu zinaongea. Watu wa Lisboa wanakuja Porto wiki ya Mtakatifu Martinho, mwezi wa Novemba, kuchagua waigizaji. Kila mtu atapewa karatasi palepale, asome mbele yao. Nikishindwa nimekwisha, mwalimu. Ninarudi kwenye mapipa, na mgongo huu hautaki pipa hata moja."

"Walimu wako wengi Porto. Kwa nini uje kwangu?"

Belmiro akaangalia chini. "Nimewahi kuja kwenye ukumbi wa Senhor Gaspar nikaketi nyuma, kofia usoni. Nilitaka kusikia huwa nasema nini."

Leocádia akaufungua mlango wa ghala. Kisha akasema, "Utakaa benchi moja na wale waliokucheka."

"Watanicheka tena!"

"Watakucheka. Wakichoka watanyamaza. Na mimi nakuambia, siku ya Mtakatifu Martinho karatasi yoyote watakayokupa utaisoma. Sijamwacha mtu njiani hata mara moja, sitaanza na wewe. Ingia, unatia baridi darasani."

Akaingia. Wakacheka, wakachoka, wakanyamaza.

Na kumbe Belmiro alikuwa mwanafunzi wa ajabu! Wiki ya kwanza anasitasita, ya pili anasogea, na Oktoba ilipofika katikati alikuwa anasoma kurasa nzima za kitabu cha darasa. Mwalimu anasoma kisa cha mjane na kinu, wanawake wanarudia kwa kukwamakwama, na Belmiro anafika mwisho kama mtu anayeteremka kilima. Kidole chini ya mstari, macho yanatoka kushoto kwenda kulia, ukurasa ukiisha anaugeuza. Palipo na huzuni anahuzunika.

"Huyu kichwa chake sijui kina nini," alisema Ermelinda. "Mimi mwaka wa pili huu, bado yule mjane ananipiga chenga."

Leocádia akavimba kichwa. Alimtaja Belmiro kwa walimu wake wa Leça na wa Póvoa. Alimtaja kwa padri. Nyumbani alimtaja kwa mama yake mpaka Zulmira akamwambia, "Mwanangu, kama humtaki huyo mwanamume, basi mwache tule."

Ghala lilikuwa na taa moja tu ya umeme, imening'inia katikati. Jioni moja ya upepo, siku chache baada ya sikukuu ya marehemu, Belmiro alikuwa amesimama anasoma kisa cha mjane, amefika pale mjane anapougonga mlango wa kinu. Taa ikazimika.

Giza likawa la kutokuona mkono wako. Wanawake wakaguna, benchi likalia. Na ndani ya giza lile sauti nyembamba ya Belmiro ikaendelea. Mjane akafunguliwa mlango. Msaga nafaka akamwangukia miguuni. Unga ukamwagika sakafuni mweupe kama theluji ya milima ya Serra. Ukasikika hata ukurasa unageuzwa, taratibu, kwa heshima.

Taa ikarudi. Belmiro alikuwa bado amesimama, kidole juu ya karatasi, macho yanatembea.

Ermelinda ndiye aliyeanza. "Watakatifu wote! Ana macho ya paka!" Na ghala zima likacheka, wengine wakajilaza juu ya meza.

Leocádia hakucheka. Alimwendea, akakichukua kile kitabu, akakifungua mbali sana na pale, kwenye kisa ambacho hawajakifikia. "Soma hapa."

Belmiro akaangalia karatasi, akamwangalia mwalimu. "Hapa bado hujasema."

"Sijasema nini?"

"Hujasema panasemaje. Wewe unasema, mimi nashika, halafu nasema. Si ndiyo kusoma?"

"Na kidole?"

"Kidole ni adabu," akasema Belmiro. "Kama kuvua kofia kanisani. Kila mtu humu anaweka kidole. Nilidhani nanyi ndivyo mnavyofanya."

Hakuwa anadanganya. Uso ule ulikuwa umedanganya nchi nzima kwa kazi, lakini saa ile haukuwa kazini.  Leocádia akageuka, akauchukua mkate wa mahindi wa Ermelinda uliokuwa mezani, akalifungua gazeti lililoufunga, akamwekea mwenyewe mbele.

"Ermelinda, nisomee hapa."

Ermelinda akaweka kidole. Akasubiri. Uso ukamwiva taratibu. "Mwalimu, hii sijasomewa."

Akampa wa pili, akampa wa tatu. Wako waliosoma, kwa shida lakini wakasoma. Na wako waliotoa macho tu, watu aliowafundisha kwa mwaka, kwa miaka miwili, watu aliokwisha kuwasifia. Sauti yake ilikuwa nzuri mno. Ilikuwa imewaingia kichwani na kukaa, na herufi zikabaki mlangoni.

"Nendeni nyumbani," akasema. "Leo basi."

Belmiro akabaki nyuma. "Mtakatifu Martinho ni wiki ijayo, mwalimu. Niambie ukweli. Nianze kutafuta nyundo yangu?"

"Rudi kesho," akasema Leocádia. Wala hakujua kesho atamfanyia nini.

Nyumbani alikula bila kusema neno. Mama yake akamtazama, akamega mkate, akamtazama tena.

"Koo linauma?"

Leocádia akatikisa kichwa.

"Basi kaa hivyohivyo," akasema Zulmira. "Tangu uanze kwenda kwa Gaspar, mimi leo ndiyo mara ya kwanza nasikia mawazo yangu mwenyewe humu ndani. Ukiwapo wewe, mwanangu, mtu hana haja ya kufikiri. Unamfikiria wewe."

Leocádia akaweka kijiko chini.

Kesho yake aliingia ghalani na skafu amefunga shingoni, hakusalimu mtu. Akagawa makaratasi, na hakuna mawili yaliyofanana. Vipande vya gazeti la siku ile, lebo za makopo ya sadini, tangazo la mnada wa ng'ombe. Kisha akasimama mbele, mikono nyuma, mdomo ameufunga.

Wakangoja. Mmoja akanong'ona, "Kapoteza sauti, maskini." Mwingine akasema ana asali nyumbani. Leocádia akatikisa kichwa. Akamwonyesha Ermelinda kwa kidole, akagusa karatasi, akagusa mdomo wa Ermelinda.

"Mimi? Niseme mimi? Na wewe?"

Leocádia akajipitisha mkono mdomoni kama anayefunga mlango kwa komeo.

Ilikuwa mateso. Mtu akitoa herufi sawa, mwalimu anafungua mikono. Akikosea, anakunja uso na kurudisha kidole nyuma. Akitaka kukisia, anafunika karatasi. Alitumia kila alichowahi kukiona kwenye kile kitambaa cheupe, nyusi, mabega, viganja, na Belmiro akaviona ni vya kwake.

"Mtindo huo ni wangu!" alifoka. "Huo wa kuinamisha kichwa ni wa yule jambazi! Unanifundisha kwa vitu vyangu, halafu unaninyima neno moja? Neno moja tu, mwalimu! Ni nini hapa?"

Leocádia akagusa karatasi.

Siku ya pili ikawa hivyo, ya tatu ikawa hivyo. Wanawake walianza kusogea, kidogo kidogo, kama watu wanaovuka mto kwa mawe. Belmiro alijua herufi moja moja, lakini kuziunganisha hakuthubutu. Alikuwa anaangalia mdomo wa mwalimu. Siku ya tatu akatupa karatasi.

"Kwaheri. Afadhali mapipa, mapipa hayanidharau." Akatoka, akaubamiza mlango mpaka chumvi ikamwagika.

"Mfuate, mwalimu!" akasema Ermelinda. "Ukimwita kwa ile sauti nzito, atarudi mbio."

Leocádia alijua atarudi. Na alijua akirudi kwa sauti ile, atakuwa amerudi kwenye kisa cha mjane. Alikaa, akamalizia somo. Kisha akaandika kitu kwenye kadi, akavaa mitalawanda yake, vile viatu vya mti, akatoka.

Alimkuta kwenye kilabu cha divai karibu na daraja la Leça, na mwanamke wa heshima haingii mahali pale. Wanaume wakageuka, glasi mkononi. Akapita katikati yao, akafika mezani kwa Belmiro, akaiweka kadi mbele yake, akasimama.

"Kwanza aseme 'jioni njema' kama watu," akasema mwenye kilabu.

"Huyu siku hizi hasemi," akasema Belmiro, amelewa nusu. "Huyu kauza mdomo." Lakini macho yalikuwa yameshashuka kwenye kadi, na hapakuwa na mdomo wa kuangalia, maana Leocádia alikuwa ameupa mgongo mlango na skafu ameipandisha mpaka puani.

"Ru," akasema Belmiro. "Ru... di. Rudi. Da... dara... sani." Akapangusa macho. "Rudi darasani. M... mpu... Mpumbavu." Akanyanyua kichwa, amekasirika. "Mpumbavu nani? Nani mpumbavu hapa?"

"Mimi sijasema kitu," akasema mwenye kilabu.

"Imeandikwa hapa! Imeandikwa waziwazi kabisa, rudi darasani, mpu..."

Akakoma. Akaitazama kadi. Akaisoma tena. Kilabu kizima kilikuwa kinacheka, na mzee mmoja alimpiga mgongoni akimwambia kwamba mwalimu huyo anamjua vizuri. Belmiro alikuwa hasikii. Alisoma kadi mara ya tatu, kisha akasoma chupa iliyokuwa mezani. Kisha akageuka akaanza kusoma ukutani.

"Marufuku... ku... tema... mate," akasema, akalia.

Leocádia alimngoja mlangoni mpaka alipovaa kofia.

Siku zilizobaki walizitumia zote. Asubuhi alisoma magunia bandarini, mchana alisoma majina ya mitumbwi, jioni alikuwa benchini katikati ya wale wanawake, na mwalimu kimya. Alisoma polepole mno. Maneno marefu yalimtoa jasho.

Watu wa Lisboa walikodi ghala moja la Porto, karibu na kituo cha treni. Nje palikuwa na wauza njugu za kuchoma za Mtakatifu Martinho, moshi umejaa barabara, na Leocádia akakaa kwenye ngazi karibu na dirisha lililo wazi. Ndani walikuwepo waigizaji wa jukwaani wenye skafu za hariri. Karatasi ilipita mkono kwa mkono. Wa kwanza akaisoma kama maji. Wa pili kama maji yenye sukari.

"Quintela, Belmiro."

Leocádia akasikia karatasi inapokelewa. Kisha ile sauti nyembamba ikaanza, neno, kimya, neno. Waliokuwa na hariri wakaanza kukohoa. Mmoja akasema kwa sauti, "Huyu anasoma au anang'oa meno?"

"Senhor Quintela," akasema mkubwa wao, "sisi Krismasi tunataka tuwe Lisboa."

Leocádia alijua maneno yaliyokuwa yamemkwama. Aliyajua, maana wa kwanza na wa pili wameyasoma, na Belmiro naye ameyasikia mara mbili. Mtu mwenye kichwa kile angeweza kukunja karatasi na kuyamwaga yote kama mvua, asingejulikana. Akakaza mikono magotini.  Neno lilikuwa limefika hapa, kwenye meno.

Akalimeza.

"Nasoma, bwana mkubwa," akasema Belmiro ndani. "Naomba nimalize. Mimi sirudii ya wenzangu, nasoma." Na akaendelea, neno, kimya, neno, mpaka mwisho, mpaka nukta. Kisha ikasikika karatasi inawekwa mezani. "Sasa nimeisoma. Sasa niangalieni."

Akaigiza, kwa sauti yake ileile ya filimbi. Ilikuwa habari ya mwendesha mtumbwi wa kuvusha watu, anayekataa kumvusha kaka yake. Kutoka kwenye ngazi Leocádia hakuuona uso, alisikia tu. Na alisema kwamba kwa mara ya kwanza alijua yule mtu huwa anasema nini. Nje, muuza njugu aliacha kukoroga makaa yake. Ndani hakuna aliyekohoa.

Walimpa mwendesha mtumbwi. Haikuwa nafasi kubwa, shujaa alikuwa mmoja wa wale wa hariri, lakini mwendesha mtumbwi alikuwa anaongea, na aliongea tangu aingie mpaka kaka yake anapozama. Belmiro akatoka, akakaa kwenye ngazi kando ya mwalimu.

"Sema basi kitu," akamwambia.

"Uliruka mstari wa nne," akasema Leocádia.

Filamu ilifika Matosinhos mwaka uliofuata. Senhor Gaspar alikuwa amenunua mashine ya sauti, na watu walisimama mpaka barabarani. Belmiro alikaa benchi la mbele na suti mpya, kushoto kwake Leocádia, kulia kwake Zulmira na mfuko wa njugu, nyuma yao darasa zima. Mwendesha mtumbwi akatokea kwenye kitambaa. Ukumbi ukapiga makofi. Akafumbua mdomo.

"Hee!" akapiga kelele mvuvi mmoja. "Siyo yeye huyo!"

"Wamemwekea sauti ya mtu mwingine! Lisboa hao! Wamemwibia Belmiro sauti yake!"

"Gaspar! Haribu mashine hiyo! Belmiro wetu anaongea kama mtu mzima!"

"Dona Leocádia! Simama, mwalimu! Msemee!"

Ukumbi mzima ukaanza kupiga mitalawanda sakafuni, wanaita jina lake. Belmiro mwenyewe alikuwa ameketi palepale katikati yao, anajikunyata ndani ya suti, na hakuna aliyefikiria kumuuliza. Akamgeukia mwalimu, na uso wake ulikuwa ule wa baharia, maji yakiwa kifuani.

Leocádia akasimama, akaenda mpaka pale pake pa zamani kando ya kitambaa. Wakanyamaza, wamefurahi, wanaingoja ile sauti nzito ya polepole.

"Mimi nilimsemea nilipokuwa mtoto," akasema kwa sauti yake ya kawaida, ile ya kununulia mkate. "Huyu anayesema sasa ndiye mwenyewe. Maneno yale ameyasoma kwa macho yake, nilikuwepo. Mtu akipiga tena kiatu sakafuni, kesho namwita darasani, nitamfundisha mimi."

Hakuna aliyetaka kufundishwa na yeye mbele ya watu. Akarudi kukaa. Kwa dakika chache watu walisikiliza kwa kununa, kama wanaokula chakula kisicho na chumvi. Kisha mwendesha mtumbwi akamkatalia kaka yake, na Ermelinda akaanza kulia huko nyuma, na aliyempigia kelele Gaspar akasikika anapenga kamasi. Sauti ilikuwa nyembamba. Lakini kaka alizama, na ukumbi ukamlaani mwendesha mtumbwi na kumhurumia kwa pumzi moja.

Waliporudi nyumbani Zulmira alivua viatu na kulala kabla hata binti yake hajafunga dirisha. Leocádia akajilaza na nguo. Chini barabarani Belmiro alikuwa anakwenda zake kituo cha tramu na Senhor Gaspar, amekunywa divai kidogo, anasoma kila kibao anachokipita.

"Duka... la... nyuzi. Mkate... moto... kila... asubuhi."

"Belmiro, watu wamelala!" ikasikika kutoka dirishani kwa mtu.

"Dakta... wa... meno. Huyo simtaki. Senhor Gaspar, hapa pameandikwa nini? Usiniambie! Usiniambie."

Sauti ikazidi kwenda mbali. Leocádia akaifuata gizani, midomo yake imefungwa, akingoja. Kule mwisho, kwenye kona ya kituo, kulikuwa na kibao kimoja kirefu, chenye neno linalomshinda kila mwanafunzi. Akasikia Belmiro anasimama. Akasikia anaanza, anakwama, anarudi nyuma, anaanza tena. Kisha neno likatoka zima.

Leocádia akavuta blanketi, akageukia ukutani, akalala.